Reguleta ya Denso ya pini tatu kwa Toyota: ipi ya kununua Kisumu na Nakuru, na lini usinunue yoyote

Kwenye maduka ya spea ya Kisumu na Nakuru, reguleta ya alteneta ya Denso yenye plagi ya pini tatu, yaani IG, S na L, huuzwa kwa sura tatu. Kuna mpya yenye jina la Denso kwenye boksi, kuna mpya isiyo na jina lolote, na kuna ya mtumba kutoka Japani ambayo kwa kawaida huja ikiwa bado ndani ya alteneta nzima. Ndiyo inayoingia kwenye Corolla nyingi za 100 na 110, Starlet, Townace na Hiace za injini ya dizeli aina ya 3L na 5L, magari ambayo bado yanabeba watu na mizigo kutoka Busia hadi Gilgil. Zote tatu zina mahali pake. Lakini hakuna hata moja itakayokusaidia kama tatizo ni fyuzi ya ampea 7.5, na reguleta nyingi hubadilishwa zikiwa nzima kwa sababu hakuna aliyeshika mita kabla ya kushika spana.

Kazi ya kifaa hiki ni moja: kukata na kurudisha umeme unaokwenda kwenye rota, yaani sumaku ya umeme inayozunguka ndani ya alteneta, mara nyingi kwa sekunde, ili volti zisipande wala zisishuke. Kwenye Denso hizi rota hupata chanya muda wote, na reguleta hufunga upande wa athi, yaani hasi, kupitia teminali ya F. Kwa hiyo ikifa ikiwa imeshikana, alteneta huchaji bila breki: volti hupita 15, balbu za taa kubwa huungua moja baada ya nyingine, betri huchemka na kutoa harufu ya yai viza. Ikifa ikiwa imekatika, hakuna chaji kabisa, taa ya betri huwaka kwenye dashibodi, na gari hula betri mpaka lizime.

Anza na betri. Iliyolala usiku kucha inapaswa kusoma karibu volti 12.6. Ikiwa 12.2 au chini, ichaji kwanza, maana betri mbovu huifanya alteneta nzima ionekane mbovu. Angalia mkanda pia. Mkanda uliolegea hupiga kelele asubuhi ya mvua na kuleta dalili zilezile za reguleta iliyokufa. Kisha washa injini, ipeleke mizunguko 2000 kwa dakika, taa zote zikiwa zimezimwa, na upime kwenye vichwa vya betri vyenyewe. Kati ya 13.8 na 14.5 ni sawa. Washa taa kubwa na feni ya hewa: isishuke chini ya 13.5.

Hapa joto lina neno. Reguleta imetengenezwa ipunguze volti kadiri inavyopata moto. Kitabu cha Toyota kinaruhusu takriban 14 hadi 15 kwa nyuzi 25, na 13.5 hadi 14.3 kwa nyuzi 115. Ndiyo maana gari lilelile litasoma 14.6 asubuhi ya baridi pale Timboroa, na 13.8 mchana kwenye foleni ya Ahero injini ikiwa imechemka. Zote mbili ni sahihi. Fundi anayekwambia 13.8 ni kidogo, muulize injini ilikuwa na joto gani alipopima.

Volti zikiwa chini, usifungue kitu bado. Weka waya mmoja wa mita kwenye boliti ya B ya alteneta, chaji inapotokea, na mwingine kwenye kichwa cha chanya cha betri, injini ikiwaka na taa zikiwaka. Tofauti ikizidi 0.3, tatizo ni waya au nati iliyooza. Fanya hivyo kati ya mwili wa alteneta na kichwa cha hasi: hapo isizidi 0.2. Magari yanayopita kwenye maji ya Nyando kila msimu wa mafuriko huoza sana upande huu wa athi, na hakuna reguleta itakayoponya kutu.

Sasa chomoa plagi ya pini tatu, swichi ikiwa ON na injini imezimwa. S lazima iwe na volti 12 muda wote, hata swichi ikizimwa. IG iwe na 12 swichi ikiwa ON tu. L ukiigusisha na athi kwa kipande cha waya, taa ya betri kwenye dashibodi iwake. S isipokuwa na umeme, nenda kwenye fyuzi iliyoandikwa ALT-S, ile ya ampea 7.5. S ndiyo jicho la reguleta kwenye betri: likipofuka, taa ya betri huwaka na volti hupanda, na mtu huambiwa reguleta imeungua. IG isipokuwa na umeme, alteneta haiamki kuchaji.

Pini zote zikiwa sawa na chaji bado haipo, kuna kipimo kimoja cha kumaliza ubishi. Kwenye kifuniko cha nyuma cha Denso nyingi za aina hii kuna tundu dogo linaloelekea teminali ya F. Injini ikizunguka polepole, gusisha F na mwili wa alteneta kwa bisibisi nyembamba, kwa sekunde chache tu, mwenzako akitazama mita isipite 16. Redio na chaja za simu ziwe zimetolewa. Volti zikiruka juu, rota, brashi zinazoipelekea umeme na stata, yaani koili zinazoizunguka, ni nzima na reguleta ndiyo mgonjwa. Zisipopanda, usinunue reguleta. Hapo ni brashi zilizoisha, rota iliyokatika au dayodi. Kwa dayodi, weka mita kwenye AC juu ya betri injini ikiwaka: ikizidi nusu volti, rektifaya, yaani seti ya dayodi, imekwisha.

Na ile desturi ya kuchomoa kichwa cha betri injini ikiwaka ili kuona kama gari litazima, iachwe. Betri ndiyo inayomeza mawimbi ya umeme. Ukiiondoa ghafla, volti zinaruka juu kwa kishindo na kuua dayodi, reguleta na hata kompyuta ya gari. Mtu huingia gereji na hitilafu ya fyuzi akatoka na ya alteneta nzima.

Basi tuzitazame zenyewe.

Yenye jina la Denso ndiyo bora, hakuna mjadala, na ndiyo ya kuweka kwenye gari linalosafiri usiku kupitia Salgaa na Mau Summit, ambako kuzimika taa ni hatari ya maisha. Namba ya Toyota ya reguleta huanza na 27700, ya kishikio cha brashi 27370, ya rektifaya 27357, na ya alteneta nzima 27060. Tamka namba hizo dukani. Boksi pekee halitoshi, kwa kuwa boksi huchapishwa popote. Shika kitu mkononi: mapezi ya alumini ya kupoza yawe safi bila makapi ya kuyeyushia, herufi B, IG, S, L, F, P zisomeke bila kuinamisha kichwa, na matundu ya skurubu yalingane na ya zamani ukiyapanga moja juu ya lingine.

Isiyo na jina ndiyo utakayokutana nayo zaidi, kwa sababu ya bei. Kwa gari linalozunguka mjini, kutoka Kondele hadi Kibuye na kurudi, inafaa. Udhaifu wake mara nyingi uko kwenye joto na kwenye kipimo cha volti: mbili zilizotoka boksi moja zinaweza kukaa moja 13.9 na nyingine 14.8. Ya 14.8 kwenye joto la Kisumu itakausha maji ya betri. Kagua pia ulimi wa F, ule unaofungwa pamoja na kishikio cha brashi. Ukikaa umepinda hata kidogo, skurubu huonekana imekaza na kumbe haijagusa vizuri, na chaji inakuja na kupotea kila gari linaporuka tuta. Muuzaji akisema, "Boss, hii inaingia zote," weka ya zamani mezani na ulinganishe plagi na matundu mbele yake. Plagi ya mviringo wa yai na ya mstatili haziingiliani, na pini nne si pini tatu zenye nyongeza.

Ya mtumba ndiyo tunayoipendekeza kwa matatu na gari la kazi, kwa sharti moja: nunua alteneta nzima, si reguleta iliyong'olewa. Reguleta ikiwa peke yake mkononi haipimiki kwa mita ya kawaida, na anayekugusishia waya mbili za mita na kusema "iko sawa" hajapima chochote. Alteneta nzima hufungwa kwenye mashine, ikazungushwa, ikawekewa mzigo, na volti zikasomwa ukiwa umesimama hapo. Duka lisilo na mashine ya kupimia, pita. Ukishaipata, mwombe fundi afungue kifuniko cha nyuma. Brashi mpya huchomoza milimita 10.5, na 1.5 ndiyo mwisho. Zikiwa zimebaki nne au tano, zibadilishwe hapohapo kabla haijafungwa garini. Vumbi la Gilgil na Kariandusi, laini kama unga, hula brashi haraka kuliko kilomita zinavyoonyesha.

Kufunga reguleta si kazi ya siku nzima. Ondoa hasi ya betri kwanza, kwa sababu boliti ya B ina umeme muda wote. Legeza mkanda, toa plagi na nati ya B, kisha boliti za 12 na 14 zinazoshikilia alteneta. Mezani, toa kizibo cha plastiki cha B na nati tatu za 8 za kifuniko cha nyuma. Kishikio cha brashi kina skurubu mbili, reguleta tatu. Skurubu hizi ndizo zinazoharibu kazi: zimekaa miaka, na bisibisi ndogo huzila vichwa. Tumia ya nyota namba 2 iliyo mpya, igonge kidogo kwa nyundo ikiwa imekaa kwenye skurubu, ndipo uzungushe.

Kabla ya kufunga mpya, pima rota. Kati ya pete mbili za shaba mita isome takriban omu 2 hadi 4. Kati ya pete na shafti isome hakuna njia kabisa. Rota iliyoshikana ndani huvuta umeme mwingi na kuiua reguleta mpya, hata ya boksi halisi, na ndiyo sababu wengine hununua tatu kwa mwezi na kulaumu duka. Pete zikiwa na mfereji mzito, ona kipenyo: kipya ni milimita 14.2 hadi 14.4, na kikifika 12.8 rota imekwisha. Zisafishe kwa msasa laini, usipake grisi. Parua pia mahali reguleta inapokaa mpaka alumini ing'ae, maana hapo ndipo inapopatia athi. Unapofunga kishikio cha brashi, acha nafasi ya karibu milimita moja kati yake na kiunganishi cha reguleta, sukuma brashi ndani kwa kidole, kisha kaza taratibu kwa mkono. Uzi wa alumini hauvumilii nguvu.

Hiace ya 3L na 5L ina jambo lake. Nyuma ya alteneta kuna pampu ya vakyumu ya breki, inayolainishwa kwa oili ya injini. Lazima itoke kwanza ndipo kifuniko kifunguke, na mipira yake ya oili irudi na klipu mpya. Ukikuta ndani kumelowa oili, brashi na reguleta zimekufa kwa sababu ya sili ya pampu, na reguleta mpya bila sili mpya itazama vilevile. Gari hili lisisogezwe hata hatua kumi pampu ikiwa nje: pedali ya breki hugeuka jiwe.

Kuna magari ambayo reguleta hizi si zake. Alteneta za Denso aina ya SC, zilizo kwenye Probox nyingi za injini ya 1NZ, nyingi zimeunganishwa ndani kwa stata kiasi kwamba brashi hubadilika lakini reguleta haitoki kwa skurubu tatu. Hapo nunua alteneta nzima. Honda Fit nayo hushusha volti kwa makusudi hadi karibu 12.4 au 12.9 mzigo ukiwa mdogo. Washa taa kubwa ndipo upime, la sivyo utatoa alteneta nzima kwenye gari zima.

Baada ya kufunga, pima ikiwa baridi, endesha nusu saa, pima tena ikiwa moto na taa zikiwaka. Ya pili iwe chini kidogo ya ya kwanza. Ikiwa imepanda, au inayumba bila kukanyaga mafuta, rudi dukani siku hiyohiyo na namba ulizoandika, kwa kuwa maduka mengi hayarudishi vitu vya umeme kesho yake. Ile ya zamani ondoka nayo. Kishikio chake cha brashi na skurubu zake halisi mara nyingi ni bora kuliko vilivyokuja na boksi jipya.