Steshenari ya Sinza na ukurasa wa 22

Nawapa nyota nne. Ya tano imekwenda na ukurasa wa 22, nitafika huko.

Mimi na wapwa zangu wawili tuna nchi yetu ya kubuni, Vumandi. Ilianza usiku mmoja umeme umekatika na simu zote hazina chaji. Nchi hiyo ina mwanafalsafa ambaye pia ni mtunzi wa nyimbo, Mzee Zerukani. Mpwa mkubwa alikuwa anakwenda kidato cha tano, bweni, nikaona nimchapishie maisha ya mzee huyo ayatie kwenye tranka.

Zerukani alizaliwa kwa wasokota kamba. Alifundisha kwamba ukitaka kumjua mtu usimsikilize anavyoanzisha wimbo, msikilize anavyopokea. Aliubana uzi wa zeze lake katikati, ukatoa sauti ileile ila ya juu zaidi, akasema kumbe hata uzi una hesabu zake. Hilo la uzi ni kweli hata huku kwetu, jaribu kwenye gitaa. Na wazo la mwanafalsafa mwanamuziki niliazima kwa al-Farabi, aliyefariki mwaka 950 na kuacha kitabu kikubwa cha muziki. Mengine yote uongo wetu wa nyumbani. Mzee aliacha nyimbo kumi, lakini ule wa kumi hakuuandikia kiitikio. Aliacha ukurasa mtupu, kila mpokeaji ajaze chake. Wanafunzi wake wanagombania ukurasa huo hadi leo.

Sasa steshenari. Ni chumba kimoja, feni moja, foleni ya wanachuo na tafiti zao za kubaindi. Nilipeleka faili la Word kwenye flashi, kosa langu la kwanza. Mimi naimba kwaya, kwa hiyo nyimbo nilikuwa nimeziandika kwa nota za sol-fa, zile za herufi, d ikiwa do. Kompyuta yao haikuwa na fonti yangu. Nukta zote na mistari ya mapigo ikahama, d ikaangukia neno lisilo lake. Dada wa kompyuta alisimamisha uchapaji mwenyewe kabla sijasema, akaniambia, "Anko, hii kwaya itaimba vibaya." Tukarekebisha, tukageuza faili kuwa PDF. Wengi wangechapa tu na kudai hela.

Kijitabu kilikuwa kurasa 24, yaani karatasi sita za A4 zilizokunjwa, pini mbili kwenye mkunjo. Karatasi shilingi 200 pande zote mbili, jalada la rangi 1,500, pini na kukata 500. Kimoja 3,200, vitano 16,000. Bei nzuri. Jalada niliagiza bluu ya kaniki, likatoka zambarau kidogo, nikanyamaza.

Nyumbani ndipo nikagundua ukurasa mtupu, ule wa 22, haupo. Wimbo wa kumi unaisha, unafungua upande wa pili unakuta mazishi ya mzee. Yule dada alidhani nimekosea, akaufuta anisaidie.

Niliporudi nikijiandaa kuchapisha upya vijitabu vyote, akacheka. Karatasi ya nje kabisa inabeba kurasa za 1, 2, 23 na 24, akasema, na inayofuata inabeba 3, 4, 21 na 22. Zilizohama ni kurasa za kuanzia 22 tu, kwa hiyo ni karatasi mbili tu kwa kila kijitabu, nne za ndani zinabaki zilivyo. Akang'oa pini kwa kisu cha karatasi bila kuchana hata kimoja. Jumla karatasi kumi, 2,000. Tukaelewana 1,000, maana na mimi sikuandika popote kwamba ukurasa ule ni mtupu kwa makusudi. Wewe ukiwa na ukurasa mtupu wako, andika hivyo juu yake kwa penseli.

Wakati anapiga pini upya akaniuliza mzee huyu kazikwa wapi, na kama nyimbo zake zipo YouTube. Nikamwambia ni wa kubuni. Alinuna kweli, akasema alishamhurumia.

Wanapokea pesa kwa simu. Jumamosi usiende, utasimama mpaka miguu ilalamike.

Nakala ya tano nilimwachia. Wiki iliyofuata nilipita kutoa kopi ya kitambulisho, nikaiona iko wazi kando ya kibodi, ukurasa wa 22 una mistari kama minne ya kalamu ya bluu. Alipoona naangalia akaufunika kwa kiganja, akaniuliza, "Kopi ngapi, anko?"