Vijiti vya kutulia nilivyomjaribia Shungi, na nilichobaki nacho

Shungi ni kokateli wangu, ndege mdogo wa jamii ya kasuku, jike la kijivu lenye mashavu ya rangi ya chungwa iliyofifia. Tangu alipoumwa nyayo, hakuna kitu ndani ya tundu lake nilichokibadilisha mara nyingi kama vijiti vya kutulia. Nimepitia aina sita. Nyingine nimezitupa, nyingine anazitumia mpaka leo, na naandika haya kwa sababu natamani kuna mtu angeniambia mapema.

Naanza na kilichomuumiza: ufito uliokuja na tundu lenyewe. Unaujua tu ukiuona. Ni wa mviringo, laini, umechongwa kwa mashine, unene mmoja mwanzo hadi mwisho, na kila ncha ina mkato wa kuinasia kwenye waya. Tundu langu lilikuja na fito mbili za namna hiyo, nami nikaridhika kwamba kila kitu kimekamilika. Shungi akaishi juu yake karibu mwaka mzima.

Sisi tukichoka kusimama tunaketi, na usiku tunalala chali. Yeye anakula akiwa amesimama, anachezea kengele yake amesimama, na taa zikizimwa anajivimbisha manyoya, anageuza kichwa mgongoni na kulala akiwa juu ya miguu ileile, pengine juu ya mguu mmoja. Kwenye ufito wa unene mmoja, uzito wake wote unakandamiza palepale kwenye unyayo, jana, leo na kesho. Vidole navyo vinakaa katika mkunjo uleule, havipati cha kuvifanya vijinyooshe wala vijikunje zaidi.

Kisha mimi mwenyewe nikaongeza balaa juu ya balaa. Kucha zake zilikuwa zimerefuka, na muuzaji mmoja akanishauri ninunue soksi za msasa, zile za kuvisha ufito. Kwenye pakiti waliandika kwamba zinapunguza kucha zenyewe, ndege akiwa ametulia tu. Nilivisha fito zote mbili siku hiyohiyo. Laiti ningemtazama miguu kwanza! Kokateli akishika kijiti, ncha ya kucha inaning'inia hewani, haigusi kitu. Kinachosuguana na msasa ni ngozi ya unyayo. Baada ya wiki tatu kucha zilikuwa na urefu uleule. Nyayo ndizo zilizopungua.

Niligundua kwa bahati. Alikuwa anatembea juu ya meza ya kioo, nami niko chini yake naokota maganda ya mbegu. Nikainua macho, nikaona nyayo zake kwa chini, kitu ambacho sikuwahi kukiona. Unyayo wa kokateli mzima umejaa vinundu vidogo mno, kama punje zilizopangwa karibu karibu. Katikati ya unyayo wa kushoto vinundu vile havikuwepo. Palikuwa na duara la ngozi nyororo, yenye kung'aa, nyekundu, kama ngozi mpya ya mtu aliyeungua. Wa kulia ulikuwa umeanza kuelekea hukohuko.

Daktari wa mifugo, mwenye uzoefu wa ndege, alivitazama kwa lenzi na kuniambia kwamba huo ni mwanzo wa ugonjwa wa nyayo ambao wenyewe huuita pododematitisi. Ukiachwa, ngozi hufanya gaga, gaga hupasuka, bakteria kama stafilokokasi hupenya, mguu huvimba, na mwisho maradhi hufika kwenye kano na mfupa. Hapo tiba ni ndefu na wengine hawaponi. Aliniuliza maswali mawili tu: anasimama juu ya nini, na anakula nini. Kumbe ndege anayekula mbegu peke yake hukosa vitamini A, na ngozi yake hudhoofika hata kabla ya kijiti kumsugua. Akanionya pia nisimpake mafuta ya kujitafutia, kwa kuwa yanashika kwenye manyoya na kuyagandisha, na manyoya yaliyoganda hayahifadhi joto.

Siku ile soksi za msasa zilikwenda kwenye takataka. Kwangu hizo hazistahili hata nyota moja, na sioni ndege wa aina yoyote zinayemfaa.

Kilichozibadili nyayo za Shungi ni tawi la mpera. Mti wenyewe uwe haujapuliziwa dawa, hilo halina mjadala. Nililisugua kwa brashi na maji ya moto, nikalianika juani mpaka likakauka kabisa, na ganda nikaliacha, kwani kulibandua ni kazi yake na anaifurahia. Mkaratusi nao unafaa. Matawi ya mparachichi na ya oleanda usiyaingize tunduni hata kidogo, ni sumu.

Uzuri wa tawi uko kwenye kasoro zake. Hili langu upande mmoja lina unene wa milimita 12 hivi, upande wa pili linakaribia 25, na katikati kuna fundo na mpindo. Shungi akitembea kutoka huku hadi kule, kila hatua inamlazimu kushika kwa namna nyingine, na uzito unahama kutoka sehemu moja ya unyayo kwenda nyingine. Asubuhi namkuta upande mwembamba, mchana kwenye mpindo. Usiku huenda kwenye fundo, mahali ambapo mimi nisingedhani panafaa kulala, na vidole vyake viwili vya nyuma vinakaa juu ya lile fundo kana kwamba lilichongwa kwa ajili yake.

Kuhusu unene, kokateli wengi hustareheka kwenye milimita 16 hadi 19, na baji, kasuku mwingine ambaye ni mdogo kwake, hutaka kama 12. Lakini mimi naamini macho kuliko rula. Mtazame akiwa ametulia. Vidole vizunguke kijiti kwa robo tatu hivi, au pungufu kidogo. Ukiona kucha za mbele zinakutana na za nyuma au zinapishana, kijiti ni chembamba mno. Ukiona mguu umetandazika wote juu na hauna cha kukamata, ni kinene, na hakifai kuwa pa kulala.

Nilinunua pia tawi la dukani la mti wa kahawa, lenye mafundo mengi. Ni gumu, halitafuniki upesi, na linasuguliwa bila kuharibika. Malalamiko yangu ni juu ya boliti yake, ambayo ilikuwa ya chuma kilichopakwa zinki. Kasuku wa kila aina hutafuna vyuma, na zinki ni sumu kwao. Niliing'oa, nikaweka boliti ya chuma cha pua na nati ya masikio. Tangu hapo sina neno nalo.

Kamba sasa. Hiyo ni kamba nene ya pamba iliyosokotwa juu ya waya, unaipinda utakavyo. Kwa ndege mwenye nyayo zinazouma ni faraja kubwa, na Shungi aliihamia usiku wa kwanza. Mwezi wa tatu ikaanza kuchambuka. Asubuhi moja nikamkuta ameinua mguu wa kulia na hataki kuushusha. Uzi mmoja, mwembamba kama unywele, ulikuwa umejizungusha kwenye kidole chake mara nne au tano, na mbele ya uzi kidole kilikuwa kimevimba na kuwa cheusi cheusi. Nilimfunga kwenye taulo, nikijihadhari nisimbane kifua, maana ndege hupumua kwa kukitanua, nikaukata uzi kwa mkasi wa kucha, kipande kimoja kimoja, mikono ikinitetemeka. Kidole kilipona. Na si vidole tu vilivyo hatarini, kwani nyuzi zikimezwa hujifunga donge kwenye mfuko wa chakula ulio chini ya shingo.

Hata hivyo sikuacha kutumia kamba. Natumia mpya, naikagua kila asubuhi kabla ya kumpa maji, na ikianza kutoa nyuzi naitoa, haidhuru ni ya juzi. Asiye na nafasi ya kuikagua kila siku asiinunue.

Kijiti cha saruji nilikiogopa, baada ya yale ya msasa. Nacho kinakwaruza, lakini kilichonishangaza ni kwamba tatizo lake ni mahali tu. Ukikiweka juu kabisa, ndege atalala hapo na nyayo zitachubuka. Mimi nimekiweka mbele ya chombo cha maji. Shungi anakanyaga, anakunywa, anafuta mdomo upande huu na huu, anaondoka. Ncha za kucha zake hazichomi tena kama sindano, ingawa bado nazipunguza mwenyewe zikirefuka. Kwa matumizi hayo ya dakika chache nakipa alama nzuri.

Cha sita ni kibao bapa, kipana kidogo kuliko kiganja changu. Hapo vidole vinafunguka kabisa na misuli inapumzika. Daktari alikisisitiza kwa wiki zile za mwanzo, na kwa ndege mzee au kilema ningekinunua kabla ya kingine chochote. Kero yake ni kinyesi, hakina pa kudondokea, kwa hiyo kibao kinasuguliwa kila siku bila kukosa. Uchafu ukikaa chini ya ngozi iliyochubuka, umeukaribisha ugonjwa ule ule.

Mpangilio wangu wa sasa ni huu: tawi la mpera juu, ndilo la kulalia; la kahawa katikati; kamba imepinda kutoka kona hadi kona; saruji mbele ya chombo cha maji; kibao karibu na mlango. Hakuna kijiti juu ya chakula wala maji, na vyote viko mbali na waya kiasi kwamba mkia wake, ambao ni kama nusu ya urefu wake wote, hausuguani na kitu.

Jumapili namtembeza juu ya meza ya kioo, nami nalala sakafuni nikiwa na tochi. Unyayo wa kulia umejaa vinundu vyake vyote. Wa kushoto umebakiza kipara kidogo kuliko punje ya dengu, hakina wekundu tena. Tawi la mpera ameshalimenya ganda lote upande mnene, na lingine liko juani linakauka.