Hildegard Knef kwa euro 4

Kitabu hiki nilikipata kwenye soko la mitumba hapa Berlin, jalada limechanika, kurasa zinanuka kabati la bibi. Der geschenkte Gaul, kumbukumbu za mwigizaji Hildegard Knef, zilizotoka mwaka 1970.

Kijerumani changu ni cha wodini, na huyu mama anaandika kwa kukatakata, kama mtu anayesimulia huku anavuta sigara. Kurasa nyingine nimezirudia mara tatu. Lakini sura za mwisho wa vita, jamani! Binti wa miaka 19 anavaa sare za kiume, anajitosa vitani Berlin ikianguka, anaishia kambi ya mateka. Mwaka 1946 huyo yumo kwenye filamu ya kwanza ya Ujerumani baada ya vita. Hollywood wakamtaka abadili jina na ajifanye Mwaustria, akagoma. Nusura nipige vigelegele ndani ya treni.

Sura za Broadway, kule kwenye majumba ya maigizo ya New York, zimenichosha, majina mengi mno.

Usiyejua Kijerumani, tafuta tafsiri ya Kiingereza, aliifanya mumewe, David Palastanga. Nakala yangu siazimishi.