Kuitolea Wikipedia maandishi ya taasisi, au kupendekeza katika ukurasa wa majadiliano

Mfanyakazi anayetaka taasisi yake iandikwe katika Wikipedia ana njia mbili. Ya kwanza ni kuhamishia huko maandishi ya tovuti ya taasisi. Kwa kuwa yana hakimiliki, ni lazima mwenye haki, ambaye mara nyingi ni mwajiri wala si mwandishi, ayatoe rasmi kwa leseni kama CC BY-SA 4.0, inayomruhusu yeyote kuyatumia na kuyabadilisha, hata kibiashara, na ruhusa hiyo haifutiki. Hata hivyo, leseni huondoa kikwazo cha sheria tu: sifa zilizoandikwa na idara ya uhusiano hubaki sifa, na wahariri wanaweza kuzifuta.

Njia ya pili ni kupendekeza marekebisho katika ukurasa wa majadiliano, kwa maneno yako mwenyewe na kwa vyanzo visivyo vya taasisi, baada ya kutangaza ajira yako. Tangazo hilo, ambalo masharti ya matumizi yanalidai tangu 2014 kwa kila anayelipwa kuchangia, halikwepeki hata katika njia ya kwanza. Kusubiri jibu huchosha, lakini ndiyo njia ninayoipendelea, kwani suala la hakimiliki halizuki na mhariri asiye na maslahi ndiye anayeamua kipi kiingie.