Kibao cha Herufi kwa Wanunuzi wa Tanga: Kagua Nukta Kabla ya Kuuliza Bei

Tangu masika yalipoanza nimepokea malalamiko mengi kutoka kwa wasomaji walionunua vibao vya herufi, vile vinavyojumlisha hesabu kwa herufi za Kiarabu, hapa Tanga, na karibu yote yana chanzo kimoja ambacho wauzaji hawakitaji kamwe. Mama mmoja wa Chumbageni, anayeuza machungwa ya Muheza kwa jumla, aliandika matenga matatu, kibao kikamhesabia manane, na mteja wake wa siku nyingi akaondoka akimwita mwizi mbele za watu. Kibao kilikuwa kipya na mbao yake ilikuwa nzuri, ila jimu, herufi inayosimama badala ya 3, ilikuwa imepoteza nukta.

Sitazungumzia ukubwa, uzito wala wepesi wa kujibu, kwa kuwa hayo muuzaji yeyote atakueleza bila kuulizwa. Ninachotaka mkitazame ni nukta. Kibao hakina nguvu nyingine ila ile ya maandishi yake: herufi 28 za abjadi, yaani mpango wa Kiarabu unaoipa kila herufi thamani ya namba, kuanzia alifu yenye thamani ya 1 hadi ghaini yenye thamani ya 1000, ndizo zinazokiendesha, na ukiandika jimu na dali upande ulio wazi, kibao huzilinganisha na herufi zake chenyewe, kisha ze ikachomoza ukingoni, kwa kuwa 3 na 4 ni 7. Jimu ikipotewa na nukta yake huwa ha, yaani 8. Ze ikipotewa na yake huwa re, na 7 ikageuka 200. Hata kinyesi cha nzi kikitua juu ya ha, kibao huisoma kuwa kha, ambayo ni 600. Alifu au wau ikifutika, kibao hunyamaza na mwenyewe akajua kwamba kimeharibika. Nukta ikifutika, kibao huendelea kujibu, na mwenye duka huendelea kukiamini hadi siku ya kufunga hesabu.

Kwa hiyo ukifika dukani omba kalamu ya mwanzi na uandike mraba wa tisa: juu dali, twa na be, katikati jimu, he na ze, chini ha, alifu na wau. Kila mstari, kila safu na kila mshazari lazima utoe 15. Herufi zenye nukta katika mraba huu ni tatu tu, na mbili kati yake zimo katika mstari wa kati, ndiyo maana mstari huo ndio wa kukaziwa macho: jimu ikiwa mbovu utatoa 20, na ze ikiwa mbovu utatoa 208. Kisha chukua kitambaa kilicholowa maji, pangusa herufi za kibao, na urudie hesabu ileile. Muuzaji akikataa kitambaa, ondoka.

Kwa upande wangu, kibao cha kwanza ni cha mpingo kutoka Pangani chenye muhuri wa nanga, na sifichi kwamba nakipenda kuliko vyote. Mpingo ni mti mzito hata huzama majini, hivyo unyevu wa bahari haupenyi kwa urahisi, lakini sifa yake kubwa ni kazi ya fundi: kila nukta hutobolewa kwa keekee na kujazwa bati lililoyeyushwa, kiasi kwamba ukipitisha ukucha juu yake huhisi ukingo wowote. Nukta ya namna hiyo haioshwi na mvua wala haiondolewi na jasho la kiganja. Makarani wa mashamba ya katani, ambao huandika ghaini kutwa nzima, hawataki kingine, na ninawaelewa.

Cha pili ni bamba la shaba lililochongwa. Ni imara, ila hewa ya chumvi huleta kutu ya kijani ambayo hujaza vitobo vya nukta, kwa hiyo anayeishi Raskazone karibu na maji awe tayari kukisugua kwa ndimu mara kwa mara. Cha tatu ni cha mvule kilichoandikwa kwa wino wa magome ya mikoko na chumvi ya chuma, kwa kuwa wino huo huingia ndani ya mbao. Vya ngozi na vya karatasi ni rahisi, na vinafaa kwa mtoto anayejifunza.

Lililonikasirisha zaidi msimu huu ni vibao vya mvule vilivyoandikwa kwa zafarani na kuuzwa kwa bei ya juu kuliko vya wino wa chuma, eti kwa sababu zafarani ni ya heshima. Zafarani ni wino wa kombe, huandikwa ili uoshwe na kunywewa, na kila muuzaji aliyepita chuo cha Kurani anajua hivyo. Wino wa masizi nao hutoka kwa maji kama ulivyokuwa ukitoka kwenye ubao wa chuoni, lakini angalau huo hawautozi bei ya manukato.

Halafu kuna ada ya kuhuisha, yaani kutengeneza upya nukta zilizofutika, ambayo hutozwa kwa kila nukta. Herufi 15 kati ya zile 28 zina nukta, na nukta zote kwa jumla ni 22. Mteja anapeleka kibao kilichopoteza nukta moja, anarudishiwa na hesabu ya 22, na akiuliza anaambiwa kwamba zote zilikuwa dhaifu. Zihesabu mwenyewe mbele ya fundi kabla hujamkabidhi kibao, uzitaje kwa majina ya herufi zake, na udai stakabadhi inayosema ni ipi hasa inayotengenezwa.