Kibanda cha karatasi za siasa, soko la Petrivka, Kyiv: jalada la Chama cha Kijani

Aliyewahi kuishi Kyiv, mji mkuu wa Ukraini, analijua soko la vitabu la Petrivka hata kama hakuwahi kununua kitu pale. Unatoka kituo cha metro, unafuata watu wenye mifuko mizito, na safu za vibanda zinaanza. Ubao wa kituo siku hizi unasema Pochaina, jina lilibadilishwa 2018, lakini kila niliyemwuliza njia alinijibu kwa jina la zamani. Mbele kuna vitabu vya shule na riwaya. Mimi nilipitiliza hadi nyuma kwa wauza vitu vya zamani, kwa sababu rafiki yangu niliyesoma naye alinipigia akasema: kuna mzee anauza karatasi za vyama vya siasa, mpitie kabla hujapanda ndege. Hii ilikuwa Septemba 2019.

Kibanda hakina jina. Utakitambua kwa masanduku ya viatu yaliyoandikwa miaka ya uchaguzi kwa kalamu nyeusi: 1990, 1994, 1998, 2002 na kuendelea. Uchaguzi wa bunge wa Julai ulikuwa umepita miezi miwili tu, na sanduku lake tayari lilikuwa limejaa hadi kifuniko hakifungi. Hicho ndicho kilichonifanya nimheshimu mzee huyu. Mshindi na aliyeambulia patupu wako sanduku moja, kwa mpangilio wa alfabeti, na bei haipandi kwa sababu chama fulani kilitawala.

Nilimwambia natafuta karatasi za Chama cha Kijani, chama cha watetezi wa mazingira. Akainama chini ya meza, akatoa jalada la kadibodi lenye kamba, lile la ofisi za enzi ya Kisovieti, juu yake kwa penseli: "Kijani, 1989–2006". Bei, hryvnia 450, fedha ya kule. Akanipa kigoda, akasema nikae nisome kwanza, halafu ndipo niamue. Nilikaa karibu saa nzima na hakunisogelea hata mara moja.

Niseme kwa nini chama hiki na si kingine. Nilisoma udaktari Kyiv miaka ya tisini. Mlangoni mwa bweni letu alikaa mama wa makamo tuliyemwita tyotya, yaani shangazi, kama vijana wa kule wanavyomwita mama yeyote wa rika hilo. Alikuwa mkazi wa Prypiat, mji ulio jirani na kituo cha nyuklia cha Chernobyl. Kinu namba 4 cha Chernobyl kililipuka usiku wa tarehe 26 Aprili 1986, na kesho yake mchana yakaja mabasi. Wakaambiwa wabebe nyaraka na vitu vya siku tatu. Hakurudi kuishi pale tena. Alipewa nyumba Troieshchyna, ng'ambo ya mto Dnipro, na alikuwa akivuka daraja kila siku kuja kutulinda sisi wageni. Machi 1998 alikwenda kupiga kura akiwa amevaa koti lake zuri, akarudi, akatuambia bila kuulizwa: "Nimewapa Kijani."

Sasa jalada lenyewe. La kwanza kabisa ni karatasi mbili za 1989, zimepigwa chapa kwa mashine na kaboni, herufi za nakala ya chini zimefifia kiasi kwamba lazima uinamishe karatasi kwenye mwanga. Ni za Zelenyi Svit, Dunia ya Kijani, jumuiya iliyoanza 1987 na kuongozwa na Yuriy Shcherbak, daktari wa magonjwa ya mlipuko na mwandishi. Karatasi imejaa majina ya vijiji, vipimo vya mionzi, na swali moja linalorudiwa: kwa nini wakazi hawakuambiwa? Mtu asiyeishi nchi ile anaweza kuona ni karatasi chafu tu. Mimi mkono ulinitetemeka. Mwaka huo ndipo ramani za uchafuzi zilianza kutoka hadharani magazetini, miaka mitatu baada ya mlipuko, na ni watu kama hawa waliozidai.

Nguvu yao ilikuwa kubwa kabla hawajawa chama. Agosti 1990 bunge la Ukraini lilisimamisha ujenzi wa vinu vipya vya nyuklia kwa miaka mitano. Mwezi uliofuata ndipo chama kikaundwa. Shcherbak akawa waziri wa mazingira, kisha akapelekwa ubalozini, Israeli na baadaye Marekani, na chama kikabaki kwa Vitaliy Kononov. Mwaka 1993 nchi haikuwa na pesa wala nishati ya kutosha, na bunge likaliondoa zuio lile kabla ya muda wake. Kipindi hiki ndicho dhaifu kwenye jalada: vijitabu viwili na gazeti moja lililokatwa kona. Mzee alisema watu walikuwa wanawashia moto karatasi. Namwamini, nilifika muda mfupi baadaye na nikaona baridi ya majumba yale.

Utajiri wa jalada uko 1998. Uchaguzi ule ulikuwa wa aina mpya: nusu ya viti 450 vya bunge viligawiwa vyama kulingana na kura za orodha zao za wagombea, na chama kilihitaji asilimia 4 ya kura hizo kuingia. Vyama na miungano 30 viligombea, na chini ya karatasi ya kura kulikuwa na kisanduku cha "nawapinga wote". Kijani walipata zaidi kidogo ya asilimia 5, viti 19, nafasi ya nne kwa kura za orodha. Nakumbuka matangazo yao ya televisheni, mafupi, yenye mandhari na sauti tulivu, katikati ya wanasiasa waliokuwa wakifoka. Tuliokuwa bwenini tuliyapenda. Kwa mtu aliyechoshwa na wote, huku kulikuwa mahali pa kuweka kura bila kujiona amechafuka.

Hebu tazama karatasi zao za mwaka huo. Zinang'aa. Rangi nne, majani yenye umande, maji. Nimegeuza kipeperushi kimoja mara tatu nikitafuta jina la kijiji, kipimo, kinu, mto, chochote kinachoweza kuulizwa. Hakuna. Ukiweka karatasi ya kaboni upande wa kushoto na hii kulia, umeona kila kitu kilichotokea. Wenye mabenki na wafanyabiashara walikuwa wameingia kwenye orodha. Pesa za matangazo lazima zitoke mahali. Sisemi kila mmoja wao alikuwa tapeli. Nasema shangazi yetu alidhani anawapigia kura watu wa karatasi ya kushoto.

Kutoka hapo jalada linapungua haraka, na ndivyo ilivyokuwa. Kononov aligombea urais 1999 akapata chini ya asilimia 1. Desemba 2000 kinu cha mwisho cha Chernobyl kilizimwa, siku ambayo wale wa 1989 walikuwa wameingoja zaidi ya muongo mmoja, na kwenye jalada hakuna hata kipeperushi kimoja cha kuidai siku hiyo. Nilimwuliza mzee kama kimepotea. Akasema hajawahi kukiona. Machi 2002 wakapata asilimia 1 na kitu, bungeni hawakurudi. Cha 2006 ni kikaratasi kimoja cha ukubwa wa kiganja.

Kasoro zipo na mnunuzi azijue. Kati ya vipande 37 nilivyohesabu, vinne ni nakala za fotokopi zilizochanganywa na asili bila kuwekewa alama. Nilipomwonyesha, alikiri palepale na kupunguza hryvnia 50, lakini ilipaswa aseme mwenyewe. Baadhi ya karatasi ameziweka kwenye mifuko ya plastiki laini inayonata wino. Zile mbili za 1989 nilizitoa siku hiyohiyo nikazilaza katikati ya karatasi nyeupe. Hauzi kipande kimoja kimoja, ni jalada zima au basi. Mwanzoni ilinikera, sasa naona ana haki, maana watu wangechukua zinazong'aa na kuziacha za kaboni. Anapokea pesa taslimu tu, na Kiingereza hajui. Nenda na anayejua Kiukraini au Kirusi.

Kipande ninachokipenda kuliko vyote ni kalenda ya mfukoni ya 1998, ile ambayo kila chama kiligawa mitaani. Mbele, jani la kijani. Nyuma, miezi kumi na miwili kwa herufi ndogo. Mwenye nayo alizungushia tarehe 29 Machi, siku ya kura, kwa kalamu nyekundu, akakandamiza hadi karatasi ikainuka upande wa pili. Baada ya hapo kalamu ni ya bluu: mwanzo wa Mei ameandika "viazi", Juni ameandika "viazi" tena na alama ya mdudu, mwisho wa Agosti "mifuko 6". Hakuandika tena lolote la siasa mwaka ule.

Bango kubwa la 1998 nililiacha kwa sababu halikuingia sandukuni bila kukunjwa, na mzee hakukubali likunjwe. Aliliviringisha kama bomba, akaliweka juu ya kabati lililo upande wa kushoto unapoingia kibandani. Alisema analiuza hryvnia 200.