Mtoto wa Paka Aliyeachwa: Nunua Nini Kwanza Ukiwa Tanga

Ukiwakuta watoto wa paka uani kwako, Ngamiani au Chumbageni, na mama yao haonekani, usikimbilie dukani. Kama wana joto na wametulia, kaa mbali uangalie kwa saa chache. Huenda mama kaenda kutafuta chakula. Maziwa yake hayauzwi popote. Asiporudi, au ukiwaona wanalia na wamepoa, hapo ndipo ufungue pochi.

Pesa nyingi ziende kwenye maziwa. La kwanza, bila ubishi, ni maziwa ya unga yaliyotengenezwa kwa watoto wa paka, kama ya chapa ya KMR. Ulizia kwa daktari wa mifugo au duka la dawa za mifugo. Wakikosa, agiza Dar es Salaam waitume kopo kwa basi. Wakati unangoja, maziwa ya mbuzi yatakuvusha siku moja, basi. Ya ng'ombe nayaweka mwisho kabisa, ingawa Tanga tunayo tele. Protini na mafuta yake ni machache mno kwa paka, na laktosi yake, yaani sukari ya maziwa, huwaharisha. Mtoto mwenye gramu 100, uzito wa kawaida wa siku ya kuzaliwa, akiharisha hukaukiwa maji upesi sana.

Chombo cha kulishia ndicho watu hukosea. Kwa wiki ya kwanza mimi nachagua bomba la sindano la mililita 1 au 2, bila sindano yenyewe, kutoka duka la dawa lolote. Ni rahisi, na unaona hasa ulichompa. Sukuma tone kwa tone, umngoje ameze. Chupa ndogo ya paka naipa nafasi ya pili, ila akishajua kunyonya kwa nguvu ndiyo bora. Kagua tundu la chuchu: ukiipindua chupa, maziwa yadondoke polepole, yasichuruzike. Chupa ya mtoto wa binadamu iache. Chuchu yake haimwenei mdomoni.

Vyovyote utakavyonunua, mlishe akiwa amelalia tumbo, kichwa kimeinuka kidogo. Usimlaze chali kama mtoto mchanga wetu. Akipaliwa, maziwa huingia mapafuni, na nimonia huwaua wengi.

Ongeza pamba. Kila baada ya kumlisha, ilowanishe kwa maji ya uvuguvugu umpanguse chini taratibu, kwani hawezi kukojoa wala kunya peke yake mpaka afikishe wiki tatu hivi. Chupa ya maji ya moto iliyozungushiwa khanga itampa joto. Akiwa wa baridi usimlishe, tumbo halisagi, mpashe kwanza. Wiki ya kwanza anakula kila baada ya saa 2 au 3, usiku pia.

Ikibaki fedha, nunua mizani ya jikoni inayosoma gramu mojamoja. Mpime kila siku saa ileile. Anatakiwa kuongezeka kama gramu 10. Uzito ukisimama au kushuka, mpeleke kwa daktari wa mifugo siku hiyohiyo.